Tairi Lililomkataa Mama Mkwe

Mke wangu alisema tununue matairi ya namba ile ile iliyokuwapo. Naanza na neno hilo kwa sababu ni haki yake, na kwa sababu daftari hili yeye hulisoma nikiwa kazini. Asije akakuta nimelificha ukurasa wa tatu.

Mimi ni fundi baiskeli hapa Dutwa. Shule niliishia la saba, ila magurudumu nimeyashika miaka mingi kuliko nilivyoshika kalamu. Gari letu ni dogo, lilifika kutoka Japani likiwa limeshatumika kwa wenyewe mpaka wakalichoka. Sisi bado hatujalichoka. Mwaka huu rimu mbili zilikuwa zimepindwa na mawe, na matairi yote manne yamelika yakabaki laini kama kiganja.

Pengine ningeendelea kuyatumia hivyo hivyo, nisijifanye mwema. Kilichonisukuma ni mama mkwe.

Mama mkwe anaishi Shishiyu, huko Maswa. Ni mama mnene, mwenye sauti, na kijijini kwao anajulikana kwa kuchambua pamba. Akipitisha mkono kwenye lundo, safi inakwenda huku na fifi, ile chafu, inakwenda kule, na hakuna aliyekuwa akirudia kazi yake. Msimu uliopita macho yote mawili yalikuwa yameshikwa na mtoto wa jicho. Alipeleka gunia akiamini ni safi tupu, likarudishwa mbele za watu kwa sababu limechanganywa. Nasikia hakusema neno wiki nzima, na kwa anayemfahamu, hiyo ni habari kubwa kuliko gunia.

Kisha ikatangazwa kwamba madaktari wa macho wanakuja Bariadi kwa siku chache. Jina lake likaandikwa: Jumatano, kabla ya saa nne asubuhi. Asiyekuwepo, nafasi yake anapewa mwingine, na lini watarudi hakuna aliyejua. Mama mkwe alikataa bodaboda. Akakataa na basi. Alimwambia binti yake kwenye simu, "Sipandi kitu nisichokiona kinakoelekea. Labda gari la mkwe. Yule hata akipotea, nitajua wa kumlaumu."

Ndipo nikaenda Bariadi kutafuta magurudumu.

Anayeuza rimu na matairi ya mtumba pale ni mwanamama mmoja mwenye mikono kama ya mchezesha ngoma. Aliinama, akasoma ubavuni mwa tairi langu la zamani: 165, halafu 70, halafu 14. "Nikutafutie hii hii, baba?" akauliza. Nikasema hapana, nataka kubwa zaidi, gari liinuke, maana njia ya kwenda Shishiyu ina tuta katikati linalokwangua tumbo. Bado naona nia ilikuwa nzuri. Sina hakika kama nia nzuri inahesabiwa.

Nilichagua rimu za 15 zenye matairi ya 195. Yalikuwa mapana, meusi, yamekaa kama mafahali wa mtu mwingine, wale unaowatazama mnadani bila kuuliza bei. Nisijidharau kupita kiasi: kuna mambo niliyapima. Nilihesabu matundu ya nati, manne kwa manne. Nikapima kwa uzi kutoka tundu hadi tundu, yakalingana. Nikaangalia tundu la kati kama linakaa sawasawa kwenye kitovu cha gari, likakaa. Yule mama akaniona ninavyofanya akasema, "Wewe umewahi kushika kazi." Sifa ile ndiyo iliyoniharibu.

Tulipofunga tairi la nyuma, gari likiwa juu ya jeki, nikalizungusha kwa mkono kama nizungushavyo gurudumu la baiskeli iliyogeuzwa miguu juu. Lilizunguka bila kugusa popote. Kwa fundi baiskeli, hapo kazi imekwisha. Gurudumu likizunguka hewani bila kugusa, unaigeuza baiskeli, unampa mwenyewe, anaondoka.

Yule mama akasema, "Ngoja tushushe jeki, wewe na mimi tukae kiti cha nyuma, tumwambie mtu achungulie."

Nikamtazama. Mimi ni mtu wa ndoa, na Bariadi ina watu wanaonifahamu. Nikamwambia nina haraka.

Akacheka. "Haya baba. Kwani huwa unabeba watu wangapi?"

"Mimi tu," nikasema. "Na mke wangu, siku moja moja."

Kwa hiyo naandika wazi: hakunidanganya. Aliuliza, nikajibu, na jibu langu halikuwa na mama mkwe ndani yake.

Jumatano tulitoka alfajiri, mimi na mke wangu, yeye amekaa mbele. Gari lilikuwa limeinuka kweli. Nikamwambia, "Unaona tunavyoona mbali?" Akasema, "Naona. Na wao wanatuona tunavyojivuna." Karibu na Maswa tuliingia kwenye shimo, nyuma kukasikika kitu kidogo, krr. Nikasema ni jiwe. Mke wangu akageuka akatazama nyuma kulitafuta jiwe.

Shishiyu tulikuta mama mkwe amekaa nje tayari, amevaa vitenge viwili, pembeni yake gunia la michembe, viazi vitamu vilivyokaushwa, na jogoo wawili waliofungwa miguu.

"Mwangaluka, mayu," nikamsalimu Kisukuma nikiwa mbali, nimeinama.

"Mwangaluka, mkwe. Sogea kidogo nione hilo gari. Aa, sioni. Basi nitaliamini."

Lazima nieleze hapa, kwa asiyetoka kwetu. Mkwe wa kiume hashikani mkono na mama mkwe, hali naye sahani moja, wala hakai naye bega kwa bega. Tunaheshimiana kwa umbali. Gari dogo halikutengenezwa kwa heshima ya namna hiyo, lakini kiti cha nyuma husaidia. Mama mkwe akaingia nyuma, binti yake akakaa ubavuni mwake ili amshike, gunia na jogoo wakaenda nyuma kabisa. Nikawasha.

Hatukufika hata kwenye kona ya kwanza. Nyuma kukasikika krrrrr, mfululizo, kisha harufu ya mpira unaoungua. Nikashuka. Ukingo wa madigadi ulikuwa umelichonga tairi mstari mzima, unang'aa kama umepigwa randa. Papo hapo nikaelewa. Baiskeli haishuki mtu akiipanda. Gari linashuka. Na langu lilikuwa limeshuka juu ya matairi marefu na mapana kuliko nafasi yake, kwa sababu ya aliyepanda.

Sasa niambieni, neno hilo unalisemaje kwa mama mkwe?

Nikarudi ndani nikasema, "Ni barabara."

"Barabara hii nimeipita tangu nikiwa binti," akasema mama mkwe. "Haijawahi kulia."

Mke wangu akaziba mdomo kwa kanga. Nikamwomba ahamie mbele, akahama. Krrr. Tukaendelea polepole, ikapungua kwenye pasawa, ila kila tuta ikalia, na harufu ikarudi. Nikasimama tena. Jua lilikuwa limeshatoka vizuri. Nilipiga hesabu ya njia iliyobaki mpaka Bariadi, nikaona kwa mwendo ule ama tairi litapasuka njiani ama saa nne itatukuta mashambani. Nikashika usukani. Nilikuwa na kosa mkononi, na kila njia ya kulieleza ilipitia kwenye kiuno cha mama mkwe wangu.

Yeye ndiye aliyesema.

"Mkwe."

"Naam, mayu."

"Hili gari linanikataa mimi."

"Hapana, mayu, ni tairi tu lime—"

"Nimekaa karibu na mizani ya pamba miaka yote, najua kitu kikizidiwa kinavyolia. Gunia shusha. Liachwe kwenye nyumba ya karibu."

Nikasema siwezi kukataa zawadi yake.

"Hujakataa. Nimeitoa mimi, naiahirisha mimi. Jogoo nao washuke, wasije wakafa kwa aibu yako." Kisha akafungua mlango, akashuka kwa kupapasa. "Binti yangu ni mwembamba, hajui kula. Yeye arudi nyuma. Mimi nakaa hapo mbele."

Hata mke wangu aliacha kucheka.

"Mayu," nikasema taratibu, "hapo mbele ni kando yangu."

"Unaniona wewe?"

"Nakuona."

"Basi tazama barabara. Mimi sikuoni. Mtu asiyeonekana hujakaa naye. Twende, saa inakwenda."

Akakaa. Akavuta kitenge akakiteremsha upande wangu kama pazia, na mimi nikaegemea mlango wa kulia mpaka kitasa kikanichoma mbavuni. Tukaenda. Nyuma kulinyamaza, isipokuwa mashimoni. Ila matairi ya mbele nayo yalikuwa na lake: nikikata usukani sana, yanakwangua kwa ndani. Sikulijua hilo mpaka tulipopinda kuingia pale kliniki ilipowekwa. Watu walikuwa wamejipanga foleni ndefu. Krrrrr. Wote wakageuka.

"Na huku mbele pia limenikataa," akasema mama mkwe nyuma ya kitenge, kwa sauti ya kusikika na foleni nzima.

Ilikuwa saa tatu na nusu. Jina lake lilipoitwa, alikuwepo.

Alipasuliwa jicho moja siku hiyo hiyo, na yeye na mke wangu wakalala kwa ndugu zao palepale mjini. Mimi niliondoka kliniki nikaenda moja kwa moja kwa yule mama wa rimu. Aliangalia tairi lililochongwa, akaniangalia mimi. "Ulimbeba nani?"

"Mama mkwe."

"Yule wa 'mimi tu, na mke wangu siku moja moja'?"

Nilistahili. Akafungua mlango wa dereva akanionyesha karatasi iliyogandishwa kwenye nguzo ya mlango. Miaka yote nilidhani ni Kijapani, sikuhangaika nayo. Katikati ya Kijapani zilikuwapo namba zetu kabisa: saizi ya tairi na upepo unaotakiwa. Akanieleza, na naandika ili nisisahau: 165 ni upana kwa milimita, 70 ni urefu wa ubavu, yaani asilimia ngapi ya huo upana, 14 ni rimu kwa inchi. Ukibadilisha moja peke yake, umebadilisha kimo chote. Kwa haki ya rimu za 15, alisema zingeweza kukaa kama tairi lingekuwa na ubavu mfupi na upana wa kawaida, na rimu yenyewe isiwe imechomoza nje. Kosa halikuwa la kumi na tano. Lilikuwa la kwangu.

Alizichukua zake, akanipa rimu nne za 14 na matairi ya namba ya mlangoni. Tairi moja lilionekana jipya kabisa akalikataa mwenyewe. Alinionyesha tarakimu nne ubavuni, mbili za wiki na mbili za mwaka lilipotengenezwa. Lilikuwa limekaa sana, mpira umeanza kukauka. Nati akazikaza kwa kuvuka, ya juu kisha ya chini, akaniambia nirudi kuzikaza tena baada ya mwendo. Kisha akawaita waendesha bodaboda wawili wanene waliokuwa kivulini.

"Kaeni nyuma humu."

Wakakaa. Naye mwenyewe akajibana katikati yao, gari likakaa chini kama kuku anayeatamia. "Haya baba. Ingiza vidole." Niliingiza vidole viwili kati ya tairi na madigadi, vikapita pande zote. Nilisikia raha ambayo sijui kama mtu mzima anapaswa kuisikia kwa ajili ya vidole viwili.

Kesho yake bandeji ilitolewa kwenye jicho la kwanza. La pili alipangiwa safari nyingine. Nilisimama mbali kama ipasavyo. Mama mkwe alitoka mlangoni, akasimama, akatazama mikono yake kwanza, akaigeuza. Kisha akanitazama mimi, akainamisha uso haraka kwa heshima. Lakini alikuwa ameshaona.

"Wabeja sana, mkwe," akashukuru akitazama chini. "Umekonda. Nilidhani ni sauti tu."

Na kwa kuwa sasa anaona, mbele hakukuwa tena na nafasi yake. Alirudi kiti cha nyuma. Nilitembeza gari nikiwa nimefungua kioo, nasikiliza. Hapakuwa na krrr. Nilipinda kwa nguvu kutoka getini, makusudi, mbele ya foleni nyingine. Kimya. Nikamtazama mke wangu kwa furaha.

"Namba ile ile," akasema, basi.

Tulipotoka mjini mashamba ya pamba yalikuwa yamefunguka pande zote mbili. Mama mkwe alisogeza uso mpaka kwenye kioo. Nikaogopa jicho linamuuma. Kisha akaanza. "Yule anachuma na majani." Tukapita. "Hiyo ni safi. Hiyo safi. Hiyo fifi, tena anaijua, ndiyo maana ameifunika." Tukapita. "Simama kidogo." Nikasimama. Aliangalia lundo moja kando ya njia, akaguna, akasema twende.

"Mkwe."

"Naam, mayu."

"Shimo."

Nililiona likiwa limeshatupiga. "Pole," nikasema.

"Lingine hilo. Kushoto. Kushoto, baba! Hivi ulikuwa unapita katikati yake siku zote, au ni leo tu kwa vile naona?"

Mke wangu alicheka mpaka Shishiyu. Nililikwepa lile la kushoto. La mbele yake alilitaja kabla sijaliona.