Mimi si Adui wa Kukodi

Nakumbuka siku moja nikifunga vitunguu kule Loitokitok, dada yangu akanipigia simu kwamba nimeshtakiwa Kajiado. Mwanangu, nilicheka. Nani amshtaki mtu ambaye mali yake yote inaenea kwenye mkoba? Shule niliiacha darasa la sita, lakini maswali hayakuniacha, basi nikafunga safari nikajionee.

Aliyenishtaki alikuwa Njoroge, jirani yetu wa Kitengela. Zamani tuligombania kipande cha ardhi kando ya korongo. Baba yake alikinunua kwa baba yangu, nami nikakataa kusadiki. Wazee wakatukalisha, mashahidi wakasema, nikaona haki ni yake. Nikamwachia, kisha nikampa mtamba. Kwetu Wamaasai, waliopeana ng'ombe hawaitani tena kwa majina. Huitana Pakiteng, mwenzangu wa ng'ombe. Njoroge, Mkikuyu, alilitamka vibaya lakini kwa furaha. Hati akapata. Ukiona vyaelea, vimeundwa.

Kumbe wakili mmoja alimwambia amani ya ng'ombe haina muhuri: jaji atangaze kwamba ardhi ni yake, na mimi nisimamishwe kama mpinzani.

Jaji akaniuliza, "Unadai shamba hili?"

"Sidai, Mheshimiwa. Ni lake."

Wakili akaruka. "Leo anasema hivyo! Mtu huyu ni mzururaji, kesho atabadilika. Akubali tu kwamba bado anapinga, tumalize kesi."

Nikamgeukia. "Niseme uongo ili mpate hukumu? Miguu yangu ndiyo huzurura, neno langu halizururi. Mimi si adui wa kukodi!"

Watu wakacheka. Jaji akamtazama Njoroge. "Hati unayo, anayekupinga huna. Unataka niamue nini?" Akaitupa kesi.

Nje, Njoroge akafungua mlango wa pikapu. "Lekishon, panda nikupeleke nyumbani."

"Sipandi."

"Jua ni kali, bwana. Lekishon..."

"Hilo ni jina la makaratasi yako. Mimi ulikuwa ukiniita nani?"

Nikashika barabara kwa miguu. Akanifuata polepole, magari yakimpigia honi nyuma, shingo ameikaza. Tulipoacha nyumba za mwisho za mji akatoa kichwa dirishani. "Pakiteng! Nimekosa, ingia!" Bado alilitamka vibaya. Nikaingia.

Njoroge alishazikwa. Mashamba yamekatwa ploti, na sasa wapwa zangu wananisukuma. "Anko, tuwahi kortini kabla watoto wa Njoroge hawajadai upande wetu." Je, wamedai? "Bado, lakini..." Basi sitaenda! Waniite mshamba, waniite mzee aliyechoka. Sitaenda.

Mwanangu, mtu akikunyang'anya, nenda kortini bila woga, pigana mpaka mwisho. Hati yako ishike, mpaka wako uupande miti. Lakini ugomvi uliokufa usiufukue kuuliza kama bado unapumua. Jirani asiyekudai usimfundishe kudai. Na anayekuambia kwamba amani yenu haitoshi, mwulize yeye atakula nini mkipatana.

Enkai, Mungu wetu, akupe ng'ombe na watoto. Nyasi zisikauke mlangoni pako. Na siku jua litakapokuwa kali barabarani, asikosekane mtu wa kukufuata nyuma akikuita kwa jina lile tamu, hata akilitamka vibaya.