Lori Lisilorudi Nyuma

Jina la mtu sitalitaja, maana majina yana wake na watoto wasio na kosa. Kazi za watu ndizo nitakazozitaja. Kuna tajiri mwenye lori. Kuna fundi aliyefunga bomba la breki kwa vipande vya mpira wa tyubu akasema limepona. Kuna na mkaguzi aliyelipitisha lori lile bila kuinuka kitini. Hao ndio waliomuua utingo wangu na kuniacha mimi na mguu mmoja. Wakisoma hapa watajijua, na wasipojijua majirani zao watawajulisha.

Nilikuwa dereva wa lori la chumvi. Tulipakia upande wa Ngomeni, tukashusha kwenye maduka ya bara mpaka Vitengeni, ambako ndiko kwetu. Chumvi ni mzigo mbaya kwa chuma. Inakula bodi, inakula boliti, inakula mabomba, na gari la chumvi lisipooshwa kwa maji baridi linaoza likiwa linatembea. Lile letu halikuoshwa. Breki yake ya mkono ilikuwa imekufa kitambo. Ukiivuta inakuja juu yote, laini, kama mkono wa mtu aliyezimia. Nilimwambia tajiri, nikamwambia tena. Akanijibu, "Dereva hodari hategemei breki ya mkono."

Mtaniuliza, kama ulijua, mbona uliendesha? Niliendesha kwa sababu niliishia darasa la nne na kazi nyingine siijui. Ningekataa, funguo zingelala kwa mwingine. Sioni haya kulisema hilo. Waulizwe kwanza wale ambao wangeweza kulitengeneza lori na wala njaa hawakuwa nayo.

Basi tukafanya kama wafanyavyo wote wenye malori ya namna ile. Utingo wangu, mtu mzima mwenzangu, mcheshi, mwenye kuimba mpaka injini inaona haya, alikuwa na gogo lake la mkwaju lililochongwa upande mmoja. Gari likisimama penye mwinuko, yeye anaruka kabla halijatulia, analisukuma gogo nyuma ya tairi, kisha anapiga bodi kwa kiganja. Nikisikia kiganja, ndipo naondoa mguu kwenye pedali. Breki yangu ilikuwa sauti ya kile kiganja.

Siku ile tulikuwa tukipanda mwinuko wa kuingilia Vitengeni, mzigo umejaa. Gia ikachomoka. Lori likaanza kurudi nyuma. Nikakanyaga pedali, ikaenda mpaka chini kama nimekanyaga maji. Utingo akaruka na gogo lake. Nikangoja kiganja. Sikukisikia.

Nilipozinduka hospitali, mguu wa kulia haupo, na habari ilikuwa imeshafika Vitengeni kabla yangu: dereva alikuwa akitafuna majani ya muguka ili akeshe, yakaisha nguvu, usingizi ukamchukua. Aliyeipeleka ni tajiri. Aliisema matangani, mbele ya wafiwa, kwa kile Kiswahili chake kizuri cha mji wa kale ambacho ukikisikia huwezi kudhani kinaweza kubeba uongo. Muguka sijawahi kuutia mdomoni maisha yangu. Lakini mimi nilikuwa kitandani, na nani angenijibia?

Nilipoweza kutembea kwa magongo nilikwenda Vitengeni kwa mama yake utingo. Nilimkuta uani anapepeta mahindi. Nikasema, "Shikamoo, mama." Akaendelea kupepeta. Nikasema tena. Ungo ukapanda ukashuka, makapi yakaruka mpaka kwenye kiatu changu kimoja. Nilisimama hadi makwapa yakaniuma kwa magongo, kisha nikageuka. Kwetu hata mtu mnayedaiana mashamba mahakamani ukimwamkia huitika. Mimi shikamoo yangu iliachwa pale chini na kuku.

Kila mara nilipofika Vitengeni nilipita pale nikaamkia. Kila mara ilikuwa vilevile. Hicho ndicho kilichoniuma kuliko mguu. Mguu umekwenda, umekwenda. Lakini yule mama aliamini nililala usingizi mwanawe akifa nyuma yangu.

Sasa niwaambie habari ya mchezo. Kwa vile nilikuwa nakaa tu Malindi, tulikopanga, mke wangu anauza mahamri na mimi nalinda karai, nikaingia kwenye mchezo mmoja wa simu, wa kuendesha malori. Una usukani, una gia, una milima. Watu walinicheka. Jirani yangu mmoja kila akipita husema, "Dereva, leo umefika wapi na hiyo gari ya kiganjani?" Namjibu, "Nimefika pale ambapo wewe na hiyo baiskeli yako hamtafika."

Kilichonishika ni breki ya mkono. Kwenye mchezo ule, unapanda mlima na mzigo, unagusa kitufe kidogo, na lori linasimama. Linasimama tu, kama limepigiliwa misumari. Hakuna utingo, hakuna gogo. Nilikigusa kitufe kile, nikakiachia, nikakigusa tena, mpaka mke wangu akaniuliza mbona machozi. Nikamwambia ni moshi wa karai. Waliotengeneza mchezo ule hawajawahi kukutana na tajiri wangu.

Nikaanza kurekodi. Simu yenyewe inarekodi kioo chake: unashusha lile pazia la juu, unagusa alama, unacheza huku unasema. Nilipanda milima, nikaeleza jinsi chumvi inavyokula bomba, jinsi mkaguzi anavyopaswa kuingia chini ya gari na shati lake likachafuka. Video za mwanzo zilikuwa balaa. Mbuzi wa jirani wamo, adhana imo, mke wangu akigombana na mteja yumo. Watu walitazama hivyohivyo. Madereva wa malori walinitumia maneno: mzee wa mguu mmoja, sema, hata letu halishiki.

Simu ikawa inachemka na picha inakatika, nikahamia kwenye saiba moja, duka la kompyuta na intaneti, karibu na soko. Anayeisimamia ni mama wa makamo, mjane, mkali kwa wanaokula karanga juu ya kibodi. Aliniunganishia simu na kompyuta kwa waya, mchezo ukatokea mkubwa kwenye skrini, na mezani akaniwekea kipaza sauti kidogo. Kompyuta ikirekodi, kuna kidoa chekundu pembeni. Akaniambia, "Kaka, kidoa kile kikiwaka, chochote kinachosemwa chumba hiki kinaingia. Kwa hiyo ukitaka kutukana, toka nje."

Mchana mmoja nilikuwa katikati ya mlima, kidoa kinawaka, nikasikia nyuma yangu, "Assalaam aleikum." Sauti ile naijua hata ndotoni. Nikaitika salamu, maana salamu ni haki, lakini sikugeuka.

"Naambiwa umekuwa mtu mashuhuri," akasema tajiri. "Mtu mwenye mvi, unacheza mchezo wa watoto na kunichafulia jina."

"Jina lako sijalitaja."

"Hukulitaja, lakini mji mzima unajua ulikuwa ukiendesha gari la nani."

"Basi umechafuliwa na mji mzima, bwana. Kawashtaki wote."

Yule mama wa saiba akakohoa, nikajua anaficha kicheko. Tajiri akavuta kiti akakaa kando yangu. Nikagusa kitufe, lori la kwenye mchezo likasimama katikati ya mlima na mzigo wake. Akalitazama. Huyu bwana amekulia kwenye malori, baba yake alikuwa nayo kabla yake, na mtu wa malori hawezi kuliona lori limesimama mlimani akanyamaza.

"Huo ni uongo," akasema, akinyoosha kidole. "Mzigo ule, mwinuko ule, lisingesimama. Lile langu lingerudi."

"Lingerudi?"

"Lingerudi, na wewe wajua. Breki ya mkono haikuwa ikishika. Kwani gogo la mkwaju nilimchongeshea utingo la nini, la kukalia? Nilimnunulia mimi mwenyewe. Yeye ndiye aliyechelewa kuliweka."

Mlangoni palikuwa na mtu anayengoja kuchapisha karatasi, akaacha kujipepea. Mama wa saiba akasema taratibu, "Kaka, nizime?"

"Azime nini?" tajiri akauliza.

Akafuata macho ya yule mama mpaka kwenye kidoa chekundu. Nimeona watu wengi wakiogopa barabarani, lakini sijapata kuona uso uliobadilika vile kwa ajili ya kitu kidogo kama punje ya mtama.

Sauti yake ikageuka asali. Nikawa ndugu yake. Akakumbuka futari tuliyokula kwake, akakumbuka mke wangu alipojifungua na lori lake ndilo lililompeleka hospitali, na hilo ni kweli, silikatai. Kisha akautazama mguu wa suruali yangu uliokunjwa na kupigwa pini.

"Kuna miguu ya kisasa siku hizi," akasema. "Ina goti linalokunja. Mtu anapanda ngazi, anaendesha gari. Nitakupeleka Mombasa mwenyewe wakakupime. Wewe ifute hiyo tu."

Sitasema uongo kwamba sikuutaka. Niliutaka mguu ule. Niliuona kabisa, umevaa kiatu, unakanyaga pedali. Anayedhani ni rahisi kukataa mguu ana miwili.

Nikamwambia, "Tajiri, nikisimama kwa mguu wako, kila nitakapokwenda nitakuwa nimesimama juu ya utingo."

"Utajuta."

"Nimeshajua kujuta, bwana. Ulinifundisha wewe."

Akatoka bila kuaga. Mama wa saiba akaizima rekodi, akainakili mara nyingi, kwenye simu yangu, kwenye kompyuta, na nyingine akaificha anakojua mwenyewe. "Huyu atarudi na maneno matamu," akasema. "Mimi nishaolewa na mtu wa maneno matamu. Hanipati."

Sikuiweka hewani. Madereva wangeishangilia, lakini kulikuwa na mtu wa kuisikia kwanza, na kuwasikilizisha watu wa mitandao kabla yake ingekuwa ni dhuluma ya pili. Nilikwenda Vitengeni. Nikamkuta uani palepale, safari hii anachambua kunde. Nikaamkia. Kimya. Sikungoja kukaribishwa, nikaketi chini, jambo ambalo kwa mtu wa magongo si dogo, nikaiweka simu juu ya kunde zake.

Akaona lori linapanda mlima. Akataka kuisukuma, akidhani namletea mchezo. Kisha sauti ya tajiri ikatoka, ile ile aliyoisikia matangani. Mkono wake ukabaki hewani.

Ilipokwisha akasema, "Irudishe pale pa gogo."

Nikarudisha. Akasikiliza ameinamisha kichwa. Akasema, si kwangu hasa, "Alikuja nalo hapa siku aliyopewa. Akanionyesha. Akasema, mama, tajiri ananipenda, kanichongeshea gogo langu." Akachukua konzi ya kunde, akaziachia zikaanguka moja moja. "Nikamwambia aseme ahsante."

Tulikaa. Kuku walikuja wakaokota kunde zilizomwagika, na hakuwafukuza.

Baadaye akanigeukia. "Wewe hukulala."

"Sikulala, mama. Nilikuwa nasikiliza kiganja chake."

Akanitazama sana, kama mtu anayepima kitambaa. Kisha akasema, "Marahaba."

Akanipa simu yangu. Akaniuliza kama watu wa Ngomeni, na wa Malindi, na wale wenye malori mengine, wanaweza kuisikia hiyo sauti. Nikamwambia wanaweza wote, nikigusa tu hapa. Nikamwambia pia kwamba tajiri ana mawakili, na kwamba anaweza kuja mpaka uani kwake na maneno matamu.

"Na aje," akasema. "Kunde ni nyingi, atanisaidia kuchambua. Gusa."

Nikagusa.