Wimbo wa Kufungua Nyasi

Harufu ya makapi ya ngano ikichanganyika na dizeli hunikera hadi leo. Juzi nilikuwa stendi ya Singida nikisubiri basi, sijaamua hata nishukie wapi, likapita trekta limevuta tela la ngano. Hapohapo nikamkumbuka shangazi na wimbo wake, nikakasirika upya kama mtoto.

Ngoja niwaeleze. Tulikaa upande wa Hirbadaw, enzi ambazo mashamba ya ngano ya serikali yalijaza tambarare mpaka macho yachoke. Sisi tulikuwa wafugaji. Maji yalikuwa upande mmoja wa ngano, nyumbani kwetu upande wa pili, na kukatiza hakukuruhusiwa. Kila siku tulilizunguka shamba, ng'ombe wakinung'unika, nami nikinung'unika kuliko ng'ombe.

Jioni, wakati wa kukamua, shangazi, dada mkubwa wa baba, alitusimulia habari za nchi aliyoiita Marseda, ambako nyasi zina masikio. Huko aliishi binti asiye na kivuli. Binti huyo alikuwa na wimbo, na akiuimba, nyasi zililala kushoto na kulia, mifugo ikapita katikati. Wimbo wenyewe, mnisamehe, haukuwa na utamu wowote. Ulikuwa majina tu ya vituo saba vya nchi hiyo: Kisima cha Punda, Jiwe la Chumvi, Mgongo wa Fisi, na kuendelea. Mimi nilitaka kujua binti aliolewa na nani. Shangazi alitaka majina. Ukiruka moja, mikono yake inasimama kwenye chuchu za ng'ombe, anakutazama, unaanza upya. Ukikohoa, unaanza upya. Alisema wimbo wenye pengo haufungui kitu. Nilikuwa na miaka tisa na nilishachoka kama bibi kizee.

Siku moja, ngano ikiwa imenifika kifuani, nilichelewa majini. Kundini alikuwemo ng'ombe wetu wa kijivu, aliyezaa siku tatu nyuma. Ndama wake alibaki nyumbani, dhaifu, miguu bado inamtetemeka. Jua lilikuwa linashuka, na shangazi alikuwa amenionya asubuhi kwamba yule ndama akikosa maziwa ya jioni hataifikia kesho. Nikasimama ukingoni mwa shamba, nikaimba majina yote saba bila kukohoa, kisha nikawaswaga ng'ombe kumi na mmoja ndani.

Ngano haikulala. Ililiwa.

Mlinzi alitukuta hata hatujafika katikati. Alitupeleka kwenye ua wa mashine, akawafungia ng'ombe humo, akatuma ujumbe kwetu kwa mpita njia. Aliponiuliza nani amenituma, nilimwambia kweli tupu, habari za binti na nyasi zenye masikio. Alicheka mpaka akashika ukuta.

Baba alikuwa safarini. Aliyekuja ni shangazi, kwa miguu, amembeba ndama mabegani, shuka lake limeloa mkojo wa yule mnyama.

Mlinzi akamwamkia. "Shikamoo, mama."

"Marahaba. Najua ng'ombe mtakaa nao mpaka kaka yangu aje azungumze na wakubwa wako. Lakini huyu hajala ngano ya mtu. Ana njaa."

Mlinzi akafungua lango. Ndama akanyonya, mkia ukicheza, nami nikapata pumzi kwa mara ya kwanza tangu mchana. Kisha mlinzi, kwa utani, akaniomba nimwimbie ule wimbo wangu wa kulaza ngano. Nikaanza, Jiwe la Chumvi, Mgongo wa Fisi, na shangazi akanikatiza palepale mbele ya mtu mzima.

"Umeruka kisima."

"Kisima gani tena, mama?" mlinzi akauliza, bado akicheka.

Shangazi akanyoosha fimbo kuelekea mashine kubwa ya kuvunia. "Hicho mlichoegesha mashine yenu juu yake."

Mlinzi aliinama akatazama chini ya magurudumu kama mtu anayetarajia kuona maji. Hakucheka tena. Mimi sikuelewa kitu, nilikuwa nimevimba kwa hasira kwamba hata kifungoni naanzishwa upya. Na kweli, nilianza upya.

Shangazi hayupo tena. Ilinichukua miaka mingi na kuhama kwingi kung'amua kwamba vituo vyote saba vilikuwa vyetu, ndiyo njia ya mifugo kabla ya jembe la trekta kupita. Kwa muda mrefu nilimlaumu: kwa nini asiseme wazi? Ningezunguka shamba kwa adabu. Siku hizi nadhani alijua kwamba mtoto akiambiwa pale ni petu, ataingia pale. Kwa hiyo akavihamishia vituo vyote Marseda, ambako hakuna mlinzi wala ua wa mashine. Mimi ndiye niliyevitoa huko, nikavipeleka moja kwa moja kwa walinzi, na ng'ombe kumi na mmoja juu yake.