Mwenyekiti Ibrahimu na Dawa ya Wagomaji

Ibrahimu wa Muaither, kitongoji cha huko Uarabuni, mtu wa Tanga kwa asili, alikuwa dereva, lakini ukimuuliza kazi yake angekwambia kwanza kwamba ni mwenyekiti wa umoja wa Watanzania. Kiti kile alikipenda kuliko mshahara. Mkutano akiufungua yeye, watu huondoka wamesahau walichokuja kusema.

Abiria wake alikuwa Profesa Harlan, Mmarekani wa miaka themanini na mitano, mshauri wa chuo kimoja. Huyu alipigana Vita Kuu ya Pili, serikali ikamsomesha, akapanda hadi kuwa rais wa chuo kikuu cha jimbo lake. Tangu mwaka 2008, kila walipotoka West Bay, alikoishi mzee, asubuhi, kisa kilikuwa kilekile: mwaka 1969 wanafunzi waliivamia ofisi yake kupinga vita vya Vietnam. Wenzake wakataka polisi. Yeye akawaletea kahawa na karatasi. "Andikeni madai yenu, moja baada ya jingine." Wakaanza kugombana wenyewe kwa wenyewe! Hapo gari hufika langoni, mzee akashuka.

Ibrahimu aliihifadhi dawa ile moyoni.

Mwaka 2010 zamu yake ikafika. Wanachama walimjia juu: miaka sita bila uchaguzi! Aliyetangulia mlangoni kwake ni Zuleikha, Mzanzibari wa mapokezi hotelini. Ibrahimu hakufoka. Aliwamiminia chai ya karaki, ile nzito ya maziwa na iliki, akagawa karatasi, akakaa pembeni kusubiri wagombane.

Maskini, aliwasahau watu wake. Mtanzania ukimpa chai, karatasi na kikao, umemkabidhi nchi! Wakachagua katibu, wakachagua wa kuhesabu kura, na kabla ya Magharibi Zuleikha akasimama.

"Kaka Ibrahimu, ahsante kwa chai. Mwenyekiti sasa ni mimi. Wewe umepata kura mbili."

Moja aliijua, ni yake. Ya pili anaitafuta hadi leo.

Kesho yake aliendesha amenuna, roho inamuuma kama aliyefiwa.

"Profesa, dawa yako imeniua. Wamenipindua."

Wakauzunguka mzunguko wa barabara. "Hata mimi," mzee akasema. "Ijumaa ya wiki ileile ya kahawa."

"Miaka miwili hukuniambia?"

"Kila nikikaribia kusema, tunafika."

Lango la chuo likatokea. Ibrahimu akalipita bila kupunguza mwendo.

"Leo hatufiki," akasema. "Niambie, mzee wangu. Jumamosi yake uliamkaje?"