Zamu Iliyobaki Kwenye Kadi

Niliondoka Kyuso asubuhi moja bila kupanga. Nilikuwa nimetoka tu kununua maziwa ya chai. Nilipofika penye mnada wa mbuzi nikakuta lori limeshapakia na dereva anafunga kamba ya mwisho. Nikamuuliza anaelekea wapi. Akasema Mombasa, kupitia Kitui na Mutomo. Nikarudi chumbani, nikasukuma nguo ndani ya begi, nikamwachia jirani jiko, sufuria na ufunguo wa kumpa mwenye ploti. Lori lilipoanza kutembea nilikuwa ndani yake. Maziwa sikununua.

Watu hudhani mtu wa kuhamahama ana jambo kubwa linalomfukuza. Mara nyingi sina. Niliacha shule darasa la saba, na tangu hapo nimekaa Tawa, Wote, Kitui, Mwingi na Kyuso, pengine mwaka mzima, pengine msimu mmoja wa ndengu. Nikisikia kuna kitu sijakiona, naenda kukiona. Safari hiyo, lakini, nilikuwa na sababu, ingawa ningeona haya kumtajia mtu. Kwenye begi nilibeba gemu ya mkononi, ile mashine ya kushika kwa mikono miwili, na tangu jana yake ilikuwa imekataa kufungua mchezo mmoja.

Gemu hiyo tuliinunua mimi na mwenzangu tulipokuwa tukifyatua matofali nje ya Tawa. Tulipanga chumba kimoja, kitanda changu huku, chake kule, na katikati ndoo ya maji. Fundi aliyetuuzia Machakos alitutilia kwenye kadi mchezo ambao hauuzwi dukani. Kuna watu waliutengeneza kwa kupenda kwao wakaugawa bure. Alituonya jambo moja tu: mchezo ule ulikubali mfumo wa zamani wa mashine, na mfumo ukibadilika hautafunguka tena.

"Hii kitu ikishika waifai itawauliza kama mnataka apdeti," alisema. "Semeni hapana. Ikiuliza tena, hapana. Hata ikiwabembeleza."

Tukazoea kusema hapana.

Mchezo wenyewe ni wa watu wawili kupokezana. Kila mmoja ana nchi yake yenye vilima na mito. Unalima, unajenga, unatuma askari, kisha unabonyeza kumaliza zamu na kumpa mwenzako mashine. Mwenzangu hakuwa mtu wa vita. Nchi yake aliijaza silanga. Kila penye korongo alizuia maji, mpaka nikamwambia mabwawa sasa yametosha, atafute jeshi.

"Wewe leta lako," alinijibu akiwa amelala chali. "Litafika hapa na kiu. Litaniomba maji."

Na ndivyo ilivyokuwa. Mchezo ulikuwa na vipindi vya ukame, na ukame ulipoingia askari wangu waliishia njiani huku watu wake wakivuna mahindi. Niliudhika, naye akacheka hadi jirani akagonga ukuta.

Alikuwa mzito wa kuamua. Zamu yake moja iliweza kula jioni nzima. Kwa hiyo tulikuwa na sharti: zamu ya mwenzako huigusi, hata akilala nayo kifuani. Alipopata kazi ya ulinzi Uarabuni, zamu ilikuwa yake. Asubuhi ya kuondoka aliitazama ile ramani kidogo, akanirudishia mashine.

"Nitamaliza nikirudi. Usiniguse hapo."

"Sikugusi."

Miezi ya kwanza aliniandikia mara kwa mara, na karibu kila ujumbe ulimalizika kwa maneno yale yale: bado nafikiria. Ilikuwa mzaha wetu. Halafu mzaha ukawa unakuja kwa nadra, halafu zikabaki salamu za Krismasi, halafu hata mimi nikanyamaza. Ni vigumu kumwandikia mtu ambaye hujui siku yake inaanzaje. Nilihama Tawa, nikahama tena, na kila mahali nilikwenda na mashine. Mara moja moja niliufungua ule mchezo, nikaitazama ramani, nikasoma pale juu palipoandikwa kwamba anayesubiriwa ni mchezaji wa pili, nikaufunga. Michezo mingine nilicheza kama kawaida. Huo niliutunza tu.

Chumba changu cha Kyuso hakikuwa na stima. Vitu vyangu nilichaji kwa mama mmoja mwenye kibanda karibu na kanisa, aliyekuwa na paneli mbili za sola juu ya bati. Alikuwa na desturi yake ya kazi ambayo watu walimpendea. Akina nyanya wengi pale huleta simu zisizopungua ujumbe: mtoto ameandika kutoka Nairobi, kampuni ya laini inauliza hiki na kile. Wao hawasomi. Basi yeye, simu ikiwa kwenye waya, huzijibu zile alama zote zinazoomba kubonyezwa, ili mwenye simu akija aikute safi. Alisema ni vibaya kumrudishia mtu simu yake ikiwa bado inalalamika.

Sikuwahi kufikiria kwamba angeitendea gemu yangu vivyo hivyo. Niliwahi kuiunganisha na hotspoti yake wiki za nyuma, nilipotaka kusoma habari za mchezo mwingine, nayo mashine haisahau. Nilipokwenda kuichukua aliniletea akiwa ameifuta vumbi kwa leso.

"Mwanangu, hiki kitu chako kimeteseka," alisema. "Kinaomba ruhusa, unakinyima. Kinaomba, unakinyima. Leo nimekikubalia."

"Umekikubalia nini, mwaitu?" nilimuuliza, nikimwita mama kwa Kikamba.

"Apdeti. Imekula bando langu lote, lakini usijali, ni zawadi. Ona sasa, ni kipya!"

Na kweli kilionekana kipya. Herufi zilikuwa nyembamba, picha zimepangwa upya, hata mlio wa kuwaka ulibadilika. Nikaubonyeza ule mchezo mbele yake. Kioo kikawa cheusi, kikaandika kwamba programu hii haitumiki katika toleo hili, kikanirudisha nilikotoka. Nikabonyeza tena. Yeye alikuwa amesimama akingoja nifurahi.

"Kimekuwa kizuri?"

"Kizuri, mwaitu. Asante sana."

Ningemwambia nini? Usiku ule sikulala vizuri, na asubuhi ndiyo nikatoka kutafuta maziwa.

Ndani ya lori nilikaa mbele, kwa sababu mwenye mbuzi alikuwa ametangulia kwa basi. Dereva alikuwa mtu mzima, Mwislamu wa kutoka kaskazini mashariki, mwenye sauti ya kukwaruza. Nina ugonjwa wa kuuliza, na yeye hakuchoka kujibu. Alinieleza kwa nini mbuzi hubanwa sana: wakipata nafasi huanguka kwenye kona. Alinieleza pia kwamba mbuzi akiketi safarini ni lazima asimamishwe, la sivyo wenzake watamkanyaga hadi afe. Kila baada ya mwendo fulani alisimamisha gari, akapanda ubavuni, akachungulia. Akimwona aliyeketi, tulimwinua pamoja, mimi nikivuta pembe.

Tulipopita Mutomo akaniuliza mimi ninaenda Mombasa kwa nani.

"Sina mtu."

"Kazi?"

"Hapana, dere."

"Umeua?"

Nikacheka, na kwa kuwa nilicheka nikajikuta nimetoa ile gemu kwenye begi na kumweleza. Nilitegemea anidharau. Alisikiliza hadi mwisho, akapangusa shingo.

"Yaani hicho kidude ndicho kimekuhamisha? Mimi nimeachwa na wake wawili na sikuwahi kulala nje ya nyumba yangu."

"Wewe hulala kwenye lori kila siku."

"Hiyo ni kazi. Usinitukane." Aliendesha kidogo. "Pale Mtito kuna fundi. Sisi madereva tukingoja mizigo tunacheza vitu kama hivyo. Vikiharibika vinaishia kwake. Nitakusimamishia, nakunywa chai. Chai moja. Akishindwa tunaendelea."

Tulitokea Kibwezi, tukaingia barabara ya Mombasa, na alasiri tukafika Mtito Andei. Malori yalikuwa yamejipanga pande zote mbili, na harufu ya dizeli ikichanganyika na ya nyama choma. Kibanda cha fundi kilikuwa nyuma ya kituo cha mafuta. Alikuwa mwanamume mnene, amevaa miwani ya kukuza iliyofungwa kwa mpira, na alizungumza na mashine kuliko na watu.

Aliiwasha, akaingia kwenye mipangilio, akasoma namba ya toleo, akatikisa kichwa.

"Nani alikushauri upandishe hii?"

"Hakuna aliyenishauri. Mtu alinisaidia."

"Hiyo ndiyo mbaya zaidi." Akaibonyeza bonyeza. "Hii hairudi nyuma, bro. Wakishapandisha wanafunga mlango. Nikilazimisha itakufa kabisa, uwe unaitumia kushikilia mlango usipigwe na upepo."

Nikamuuliza kama nchi zetu mle ndani zimefutika.

"Mlikuwa mnaweka wapi? Kwenye mashine au kwenye kadi?"

"Kadi."

"Basi hakuna kilichofutika. Ni kama una redio nzima lakini betri si zake. Ngoja."

Akafungua droo iliyojaa mashine zilizokufa na zilizo hai, akatoa moja ya aina ile ile, ya bluu, imevunjika pembe. Akaniambia ni ya dereva aliyeiacha ibadilishwe betri. Haikuwahi kuonja intaneti tangu kuzaliwa. Alichomoa kadi yangu kwa ukucha, akaitia mle, akawasha, akanipa niishike mwenyewe.

Mlio ulikuwa ule wa zamani. Nikachagua mchezo. Kioo kikawa cheusi, na weusi ule ukakaa sana. Kisha ramani ikatokea. Vilima vyake, vilima vyangu, askari wangu wamesimama palepale kwenye mpaka, mabwawa yake yakimeremeta. Juu pakaandikwa: mchezaji wa pili.

"Imekubali!" fundi alipiga kelele. "Haya, cheza tuone."

"Si zamu yangu."

"Ni ya nani?"

"Ya mwenzangu. Yuko Uarabuni."

"Tangu lini?"

Nikamwambia. Akavua miwani.

"Hiyo zamu ni ndefu kuliko foleni ya malori kwenye mizani," alisema, kisha akaona sicheki, akashughulika na waya.

Nilikuwa nimetoka Kyuso na hofu moja, kwamba mchezo umekufa. Sasa ulikuwa mzima mikononi mwangu, na hapakuwa na jambo la kufanya isipokuwa lile nililokuwa nikifanya miaka yote, kuutazama na kuufunga. Nilielewa kitu ambacho labda mtu mwingine angekielewa mapema: siku zile zote hakuna aliyekuwa anafikiria zamu yoyote. Mtu yule alikuwa anasimama getini kwenye joto la nchi ya watu, na mimi nilikuwa nachaji mashine.

Nikamuuliza fundi kama anaweza kuniuzia ile ya bluu.

"Ya watu hiyo. Akirudi nimwambie nini, niliuza kitu chake? Lakini ukitaka kuitumia hapahapa, kiti kipo."

Lori likapiga honi mara mbili. Nikatoa simu, nikapiga picha ya ile ramani, nikamwandikia mwenzangu kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu. Niliandika kwamba niko Mtito Andei, kwamba ni zamu yake bado, na kwamba kama amechoka kufikiria aniambie tu kitu cha kufanya, nitambonyezea mimi. Nikaongeza: au usiseme habari za mchezo, sema umeamkaje. Nikatuma kabla sijaifuta sentensi hiyo.

Dereva alikuwa ameegemea mlango wa lori, kikombe mkononi.

"Imepona?"

"Imepona. Lakini haitoki hapa."

"Na wewe?"

Nikapanda, nikateremsha begi langu. Dereva akakirudisha kikombe hotelini, akachungulia mbuzi mara ya mwisho na kuondoka. Alipoingia barabarani alipunga mkono dirishani bila kugeuka.

Nilipata lojing'i mtaa wa pili kutoka barabarani, nyumba ndefu ya vyumba mkabala na kanisa la mabati ambamo kwaya ilikuwa ikifanya mazoezi. Mwenye nyumba, mama wa makamo, alikuwa anaanua mashuka.

"Usiku mmoja?"

"Sijui, mama. Nasubiri mtu."

"Anakuja na basi gani? Ya Nairobi huchelewa, usimngojee barabarani."

"Haji. Nasubiri tu anijibu."

Akaniangalia juu ya shuka alilokuwa amelikumbatia. Alikuwa tayari amenishikia ufunguo wa chumba cha nyuma. Akaurudisha kwenye msumari, akatwaa mwingine.

"Basi chukua huku mbele," alisema. "Malori yatakupigia kelele, lakini kule nyuma neti haishiki."

Nikaingia. Kulikuwa na kitanda, kiti cha plastiki na dirisha linalotazama barabara. Nikaiweka simu dirishani, kioo kikiwa juu, nikaanza kutoa nguo kwenye begi.