Riba ya Kifo cha Baba

Baba alifariki treni ilipoacha reli huko bara, akienda kumuuguza shangazi yangu. Kesi yetu dhidi ya shirika la reli ilichukua miaka. Hukumu ilipotoka, wakili wetu alitupigia simu hapa kisiwani, Kiegeani: tumepewa fidia, pamoja na riba ya muda wote tuliocheleweshewa.

Mama aliposikia neno riba, akatikisa kichwa. “Fidia ni haki yetu. Riba ni haramu, siili.”

“Mama, ni malipo ya kuchelewa tu,” nilimsihi.

“Nimezeeka nikingoja, mwanangu. Hilo halilipiki.”

Tukaitoa riba yote ijenge choo cha sokoni, bila kutaraji thawabu. Kilipofunguliwa, mama hakwenda. Alikaa chumbani, na kwa mara ya kwanza nikamsikia akisema amechoka kuwa mjane.