Kiondo Chenye Namba ya Mzee Kipngetich

Saa moja asubuhi, ukungu ukiwa bado umekalia mashamba ya Kaplong, Janeffer Bonareri ameketi mlangoni akifumua gunia la majani chai. Anavuta nyuzi na kuzisokota pajani pamoja na uzi wa sweta kuukuu.

"Paja la kulia limemaliza magunia mia nne," anasema. "La kushoto bado ni la msichana."

Mama huyu wa miaka 58 alichuma chai kwa miaka ishirini na mmoja, hadi mashine ilipoingia shambani. Sasa anasuka vyondo kwa magunia yaliyochanika, anayookota kwenye shimo la taka nyuma ya kituo cha kuuzia majani. Kiondo ni shilingi mia nane.

Kila gunia lina namba ya mkulima. Janeffer hukata kitako cha kiondo upande usio na namba. Mwezi Mei, akikimbizana na mnada wa kanisa, alikata upande mbaya.

Mnadani, Mzee Isaiah Kipngetich alikipindua kiondo, akasoma namba yake mbele ya watu wote.

"Mama, hii ni gunia yangu. Nani alikupatia?"

Janeffer alijua akiitwa mwizi pale, hakuna mkulima atakayemwacha asogelee lile shimo tena.

"Mzee, si ulituambia hapa hapa gunia ililiwa na ng'ombe?"

Ni kweli. Mwaka jana waumini waliliombea tumbo la ng'ombe huyo Jumapili mbili mfululizo.

"Ililiwa, ndiyo."

"Basi angalia ndani."

Ndani, uzi mwekundu ulikuwa umeziba tundu. Alama za meno zilionekana pembeni.

"Ng'ombe alikula nusu. Nusu ingine ulitupa mwenyewe, mzee."

Sally Chepkemboi, aliyekuwa akiendesha mnada, hakungoja. "Mzee, unanunua ama tuite ng'ombe?"

Kipngetich alikinunua kwa elfu tatu. Mkewe hukibeba sokoni namba ikitazama watu, na tangu hapo wakulima kumi na mmoja wameagiza vyao, kila mmoja na namba yake.

Janeffer anataka kujenga kibanda kando ya barabara kabla ya Desemba. Kinachomchelewesha ni magunia mabovu, hayatoshi.

Wiki jana Kipngetich alimletea gunia jipya, zima. Alilikataa.

"Mimi sikati kitu kizima," anasema, akirudia uzi wake. "Nilimwambia arudi nalo nyumbani, aliweke karibu na yule ng'ombe."